Gari la Mwalimu Nafula na Sensa Niliyokataa Kuipima

Wiki jana kijana mmoja mwenye gereji kule Gitothua alinipigia simu. "Guka, niaje," akaanza, akiniita babu kwa Kikuyu, kisha akakumbuka anaongea na nani, akajirekebisha, "Habari ya asubuhi." Alikuwa na gari linalowaka vizuri likiwa baridi. Likishatembea kilomita kumi na kuzimwa, haliwaki tena mpaka likae nusu saa lipoe. Alikuwa amebadilisha plagi, akabadilisha pampu ya mafuta, na sasa alikuwa anatafuta wa kumsaidia kushusha injini.

Nikamwambia asiguse injini. Nikamwuliza kama ameipima sensa ya joto la maji.

"Lakini guka, geji ya joto iko sawa kabisa."

Maneno hayo niliyasema mimi mwenyewe miaka minane iliyopita, nikiwa fundi mkuu wa gereji hapa Ruiru, mtu wa kuogopwa, na niliyasema mbele ya mteja kwa sauti ya mtu asiyekosea. Kijana wa Gitothua nilimweleza la kufanya, na jioni akanitumia ujumbe kwamba gari limepona. Lakini sikupata usingizi mzuri. Kwa hivyo nawaandikia nyinyi nyote mnaoshika spana leo, hasa wale ambao mmeanza kusifiwa.

Kwanza niwaeleze kitu chenyewe, maana hata waendeshaji wengi hawakijui. Sensa ninayosema si ile ya kuhesabu watu. Ni kidude cha shaba kinachotoshea kiganjani, kimefungwa pale maji ya injini yanapopita, ncha yake imezama ndani ya maji. Kazi yake ni kuiambia kompyuta ya gari maji yana joto kiasi gani. Kompyuta ikiambiwa injini ni baridi, inamwaga petroli nyingi, kama mama anayemfunika mtoto blanketi mbili asubuhi ya Julai. Ikiambiwa injini imepata joto, inapunguza. Sasa sensa ikifa vibaya, inaweza kuendelea kusema baridi, baridi, hata injini ikiwa inachemka. Petroli inamwagwa kupita kiasi, plagi zinalowa na kuwa nyeusi, moshi unatoka mweusi, na ukizima gari likiwa na joto, haliwaki.

Na hapa ndipo wengi hunaswa. Katika magari mengi ya zamani, geji ya dashibodi ina kidude chake kingine kabisa, chenye waya mmoja. Cha kompyuta kina nyaya mbili. Geji inaweza kukaa katikati, imetulia kama padri, huku kompyuta inaamini uko Limuru kwenye umande.

Mimi kazi nilijifunzia Thika, kwa mzee aliyeitwa Njoroge. Huyo mzee hakuwa na mashine yoyote ya kusoma makosa ya gari. Alikuwa na mikono. Ukimwambia gari limepata joto, anauliza, "Umegusa nini?" Ukisema umeona kwenye geji, anakufukuza urudi ukaguse paipu ya juu ya rejeta, kisha ya chini, umwambie ipi ina joto na ipi ina baridi. Siku moja nilifungua kifuniko cha rejeta bila kugusa paipu yoyote. Maji yaliruka, na ngozi ya mkono huu wa kushoto ikatoka kama ya nyanya iliyotiwa maji moto. Mzee Njoroge alinimwagia maji baridi muda mrefu. Alipomaliza akasema, "Sasa mkono wako unajua. Wewe je?" Nilidhani nilimwelewa. Nilikuwa nimeelewa habari za vifuniko vya rejeta tu.

Nilipohamia Ruiru, nikafanya kazi kwenye gereji moja karibu na barabara ya bypass kwa zaidi ya miaka ishirini. Mwenye gereji alikuwa mtu wa biashara, hakujua tofauti ya pistoni na sufuria, kwa hivyo neno la mwisho kuhusu gari lolote lilikuwa langu. Wateja walikuwa wakiuliza, "Kinuthia yuko?" na wakiambiwa sipo, wanarudi kesho. Jambo kama hilo likiendelea miaka mingi, linaingia kichwani polepole, na huoni likiingia.

Hapo gereji kulikuwa na mwenzangu, Otieno, mtu wa Siaya, mdogo wangu kwa miaka kama kumi na miwili. Yeye aliajiriwa kwa ajili ya breki na shokamzoba, na hiyo kazi aliifanya safi. Lakini alikuwa na mita yake ndogo ya kupimia umeme, imefungwa kwa raba, na wakati wa chakula cha mchana alikuwa akisoma vitabu vya magari alivyochapishiwa na wanafunzi kule Juja. Mimi nilikuwa nikimtania. Nilimwita profesa. Wengine walicheka, yeye hakucheka wala hakukasirika. Aliendelea kula ugali wake na sukuma, kitabu kikiwa kwenye goti.

Sasa nifike kwa Mwalimu Nafula.

Alikuwa mwalimu mkuu mstaafu, mtu wa Bungoma, lakini yeye na mumewe walikuwa wamejenga Kahawa Sukari tangu watoto wao wakiwa wadogo. Mumewe tulimwita Baba Simiyu, mzee mrefu mwenye maneno machache, aliyekuwa karani zamani. Figo zake zilikuwa zimeacha kufanya kazi. Kila Jumanne na kila Ijumaa Mwalimu alimpeleka Thika kusafishwa damu, akamngoja kwa saa nne au tano, akamrudisha nyumbani. Walikuwa na stesheni wagoni ya zamani, nyeupe, na kiti cha mbele Mwalimu alikuwa amekilaza nyuma kidogo na kukiwekea mto, ili mumewe akitoka pale akiwa hana nguvu ajinyooshe.

Lile gari lilianza kuwasumbua njiani wakirudi kutoka hospitali. Asubuhi linawaka. Wakifika Thika, akilizima, halina neno, maana linapoa muda wote wanaongoja. Lakini siku aliposimama njiani kununua maji na kulizima dakika tano, lilikataa kuwaka. Stata inazunguka tu. Baba Simiyu alikaa ndani ya gari juani karibu saa nzima siku ile, ametoka kusafishwa damu.

Mwalimu aliniletea Jumatano. Nilimpenda yule mama. Alikuwa akieleza ugonjwa wa gari kama mtu anayesoma ripoti ya mwanafunzi, mwanzo hadi mwisho, bila kuongeza chumvi. Akaniambia pia mafuta yanaisha haraka siku hizi, na majirani wamemwambia anatoa moshi mweusi.

Vijana, kila kitu nilichohitaji kujua alikuwa amenieleza kwa dakika tatu.

Nilichofanya ni hiki. Nilitoa plagi, nikazikuta nyeusi na zimelowa. Nikabadilisha. Siku mbili baadaye akarudi na plagi nyeusi tena. Nikavuta kijiti cha oili, nikanusa, oili inanuka petroli. Nikapima nguvu ya mgandamizo kwenye kila tundu la pistoni, nikapata namba za chini, mia moja na kumi hapa, mia moja na tano pale, kwa injini ambayo ingepaswa kufika mia moja sabini. Nikatia oili kidogo kwenye kila tundu nikapima tena, namba zikapanda. Kwa fundi yeyote aliyefundishwa enzi zangu, hiyo ni hukumu: ringi za pistoni zimeisha, injini imechoka.

Otieno alikuwa chini ya gari la pembeni. Alitoka, akajipangusa mikono, akaja akasimama karibu nasi. Mwalimu alikuwa amesimama pale pale na mkoba wake kwapani.

"Fundi Kinuthia," Otieno akasema taratibu, "tungepima sensa ya maji kwanza. Hiyo petroli nyingi inaweza kuwa ndiyo imeosha oili kwenye kuta za tundu za pistoni. Namba zinashuka hata kama ringi ni nzima."

Hivyo ndivyo ilivyokuwa. Petroli inapomwagwa kupita kiasi, huosha ule utando mwembamba wa oili unaosaidia ringi kuziba, na mgandamizo unaonekana umekufa. Ukitia oili, utando unarudi na namba zinapanda. Injini nzima inajifanya mgonjwa wa kufa. Mimi sikulijua jambo hilo. Miaka thelathini kwenye kazi, na sikulijua.

Ningeweza kusema, "Haya, lete mita yako." Ingechukua dakika kumi.

Badala yake nilitazama dashibodi, nikanyoosha kidole. "Geji ya joto iko sawa kabisa. Inakaa katikati. Sensa gani unataka kupima?" Kisha nikaongeza, na hili ndilo nililosema kwa sauti ya kusikiwa hadi langoni, "Wewe kazi yako ni breki. Ukitaka kufungua injini, fungua gereji yako."

Watu wawili watatu walicheka. Otieno alinitazama, halafu akamtazama Mwalimu kwa kitambo kidogo, akarudi chini ya lile gari lingine.

Mwalimu akaniuliza, "Kwa hivyo, fundi, unanishauri nini?"

"Kuifungua injini yote ni wiki tatu au nne, Mwalimu. Na gari lenyewe ni la zamani. Mimi kama ni langu, ningeliuza vile lilivyo."

"Wiki nne siwezi," akasema. "Ana Jumanne na Ijumaa."

"Ndiyo maana nasema uza."

Aliuza mwezi huo huo kwa broka mmoja wa hapa Ruiru, kwa bei ya gari bovu. Sikupata hata kikombe cha chai kutokana na biashara ile. Nasema hivyo kwa sababu watu hufikiri fundi akimpotosha mteja ni lazima kuna kitu alikula. Mimi sikula kitu. Nilitaka tu nionekane najua.

Alidhani atanunua lingine baada ya muda. Hakununua. Matibabu yalikuwa yanameza kila kitu. Jumanne na Ijumaa wakaanza kwenda Thika kwa magari ya abiria, kutembea hadi barabara kuu, kungoja, kupanda, kushuka, kutembea tena. Haya niliyajua baadaye.

Miezi mitano ikapita. Asubuhi moja stesheni wagoni nyeupe ikaingia gereji ikivutwa kwa kamba. Niliitambua kabla haijasimama, hata ule mto ulikuwa bado kwenye kiti. Mwenye gari sasa alikuwa mfanyabiashara wa mayai, mtu mchangamfu, akaeleza kwamba tangu alinunue linawaka likiwa baridi na kukataa likiwa na joto, na kwamba alipewa namba yangu kama fundi asiyeshindwa. Nilimwuliza kama injini imefunguliwa. Akasema hapana, hajaigusa.

Miezi mitano, injini niliyosema imekufa ilikuwa imebeba mayai kutoka mashambani hadi mjini kila siku.

Nilisubiri yule mtu aende kunywa chai. Halafu nikaenda kwa Otieno, nikamwambia kwa sauti ya chini, "Lete hiyo mita."

Hakuniuliza ni gari gani, alikuwa ameshaliona. Alifungua sensa, akaomba sufuria ya maji kwa mama aliyekuwa akitupikia, akaiweka kwenye jiko. Niwaeleze alivyofanya, ndivyo mfanye. Sensa ikiwa nje na baridi, mita yake ilisoma kama ohm elfu mbili na kitu. Hiyo ni sawa. Akatumbukiza ncha peke yake majini, nyaya zikiwa juu, tukangoja maji yapate joto. Sensa nzima, maji yakielekea kuchemka, namba hushuka mpaka karibu mia tatu. Hii maji yalichemka, mvuke ukatupiga usoni, namba ikabaki elfu mbili na kitu. Haikutikisika.

Kisha akaenda kwenye gari, akaunganisha tundu mbili za soketi ya sensa kwa kipande cha waya huku skena, ile mashine ya kusoma kompyuta ya gari, imechomekwa. Kompyuta ikasoma joto la kupita kiasi. Akatoa waya, ikasoma baridi ya kuganda. "Nyaya ni nzima, kompyuta ni nzima," akasema. Akaichukua ile sensa kwa kitambaa, akaniwekea mkononi. "Fundi, ni hii."

Tulifunga mpya, tukatoa hewa kwenye maji, tukabadilisha oili iliyochanganyika na petroli. Gari liliwaka likiwa na joto mara sita mfululizo. Baada ya wiki nilimwomba yule wa mayai alilete nipime mgandamizo. Mia moja sitini na tano, tundu zote. Ringi zilikuwa nzima siku zote.

Yule mtu alifurahi sana. "Fundi Kinuthia, wewe ni noma," akasema, akinishika bega mbele ya watu wote. Otieno alikuwa anakaza nati za gurudumu hatua tatu kutoka pale. Nilitabasamu. Sikusema kwamba si mimi.

Jioni wakati wa kufunga nilimwambia Otieno, "Hii habari ya gari la Mwalimu, tuiache hapa."

"Mimi sina mtu wa kumwambia," akajibu. "Lakini wewe unaye."

Nilijua anasema ukweli. Jumamosi ile nilivaa shati safi nikaenda Kahawa Sukari. Nilikuwa nimepanga maneno njia nzima. Nilipofika kwenye kona ya nyumba yao nikaona hema limewekwa uani, na viti vya plastiki, na wanawake wa kanisa wakibeba sufuria. Baba Simiyu alikuwa amefariki Alhamisi.

Niliketi kwenye viti vya nyuma. Jirani aliyekuwa kando yangu, mzee mwenye kofia ya sufu, alikuwa akimweleza mwenzake, "Miezi hii ya mwisho alikuwa anaruka siku. Ijumaa anakataa kwenda. Anasema safari inamchosha kuliko ugonjwa wenyewe. Mama alikuwa anamsihi mpaka analia."

Sitawaambia kwamba nilimuua. Watu wenye ugonjwa ule hufa hata wakibebwa kwa gari la rais, na hakuna daktari aliyeniambia lolote. Ila nilisikia maneno yale kwa masikio yangu, na nilijua kile kiti kilicholazwa, chenye mto, kilikuwa wapi wakati yule mzee anasimama kando ya barabara akingoja.

Nilimpa Mwalimu mkono wa pole. Akasema, "Asante kwa kuja, fundi." Nikaondoka bila kusema nilichoendea.

Nilijiambia nitarudi akimaliza kuzika. Kisha nikajiambia baada ya siku arobaini. Kisha nikaacha kujiambia. Mwaka uliofuata nilimwona sokoni Ruiru akichagua viazi, nikaingia dukani kwa mwenye vifaa vya ujenzi nikanunua misumari ambayo sikuihitaji, nikakaa humo mpaka akaenda. Mwanamume mzima, nimejificha nyuma ya mabati.

Otieno aliondoka gereji mwaka huo huo, akafungua yake Juja. Siku ya mwisho alinipa mkono, akanishukuru kwa mambo niliyomfundisha. Yalikuwepo machache. Hakutaja lile jingine.

Nilistaafu magoti yaliponiambia nistaafu. Ukiacha kazi, unabaki na muda, na muda ni kitu kibaya kwa mtu mwenye jambo. Mwaka jana, baada ya miaka saba, nilikwenda tena Kahawa Sukari. Mwalimu mwenyewe alinifungulia lango. Amezeeka, anatembea na mkongojo, lakini alinitambua palepale.

Akanikaribisha sebuleni, akaniletea chai ya maziwa. Nikamweleza yote bila kuzunguka. Kwamba injini haikuwa imekufa, kwamba ilikuwa kidude kidogo, kwamba gari lilirudi kwangu likapona asubuhi moja, na kwamba nilikuja siku ile ya hema nikaogopa.

Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Nilijua, fundi."

"Ulijuaje?" nikauliza.

"Nililiona gari langu likipita, limejaa mayai. Baba Simiyu alikuwa bado hai. Tulikuwa tumesimama kule barabarani tukingoja. Likatupita likienda vizuri kabisa. Yeye ndiye aliyesoma namba. Akasema, 'Nafula, si ile ni yetu?'" Akaweka kikombe chini. "Nilikungoja uje uniambie. Mwaka wa kwanza nilikungoja kwa hasira. Baadaye nikaacha."

"Nisamehe, Mwalimu."

Akaniuliza, "Yule mwingine, mpole, aliyesema mpime kwanza. Yuko wapi?"

"Juja. Ana gereji yake."

"Nilimsikia siku ile," akasema. "Alisema polepole, na alisema kwa nini. Wewe ulisema kwa sauti tu. Nimefundisha hesabu miaka thelathini na moja, fundi. Najua mtoto aliyefanya hesabu na mtoto anayepiga kelele. Nilijua ni nani kati yenu amefanya hesabu. Na bado nikaenda na wewe, kwa sababu nilikuwa nimechoka, na wewe ulionekana huna shaka. Kwa hivyo usifikiri umelibeba peke yako."

Ningependa angenitukana. Nilikunywa chai yote kwa sababu sikujua la kufanya na mikono. Aliponisindikiza langoni aliniuliza, "Yeye umeshamwambia?" Nikasema bado. Akafunga lango.

Siku ya tatu nilikwenda Juja. Gereji ya Otieno ni nadhifu, zana zimepangwa ukutani, na ana mafundi wanne, mmoja wao mwanamke aitwaye Wangeci ambaye hushughulikia mambo yote ya umeme. Otieno alikuwa ameinamia injini. Nilimwambia nimetoka kwa Mwalimu Nafula. Nilimwambia kwamba siku ile yeye alikuwa sahihi na mimi nilimdhalilisha, na kwamba sifa za lile gari nilizichukua mimi zikiwa zake.

Hakuinuka mara moja. Alimalizia kukaza kitu alichokuwa anakaza, akajipangusa mikono kidole kimoja kimoja.

"Mimi umeniambia, mzee. Sawa," akasema. "Waambie na hawa."

Akawaita. Walikuja wote wanne, wakaketi juu ya magurudumu na ndoo. Niliwaeleza kama ninavyowaeleza nyinyi, sensa, geji, petroli inayoosha kuta, sufuria ya maji, maneno niliyosema mbele ya mteja, hema. Mmoja wa vijana aliuliza, "Compression ilikuwa ngapi kabla?" Nikamwambia zile namba za mgandamizo. Akaandika kwenye simu yake. Mwingine akauliza kama sensa ya nyaya mbili inaweza kupotoka nusu nusu bila kuwasha taa ya onyo kwenye dashibodi. Nikasema inaweza sana, ndiyo maana usingoje taa. Gari likiwa limelala usiku kucha, asubuhi linganisha inachosema sensa na joto la hewa. Zikitofautiana sana, shuku. Otieno aliongezea kwamba maji yakipungua na ncha ya sensa ikabaki hewani, itadanganya hata kama ni mpya, kwa hivyo anzeni kwa kuangalia maji. Ilikuwa mara ya kwanza mimi na yeye tunafundisha pamoja. Ingewezekana miaka mingi kabla.

Wangeci hakuwa ameuliza kitu. Alikuwa anachezea kipande cha waya.

"Sasa huyo mama," akasema, "kwa vile anatembea na mkongojo. Anaenda kliniki na nini?"

Wote wakanigeukia. Nilikuwa nimekaa sebuleni kwake karibu saa nzima, nikazungumza juu yangu. Sikuwa nimemwuliza.